Notisi Kabla ya Dalali

Hakuna deni linalonikera kama lile la mwajiri aliyekata mchango kwenye mshahara wa mfanyakazi, akauonyesha kwenye hati ya mshahara kana kwamba umeshafika kwenye mfuko wa hifadhi ya jamii, kisha akautumia kununulia mafuta ya magari au kulipia pango la ofisi. Kwa wanachama wa NSSF, yaani Mfuko wa Taifa wa Hifadhi ya Jamii nchini Tanzania, mchango wa kila mwezi ni asilimia 20 ya mshahara, na mwajiri haruhusiwi kumtwika mfanyakazi zaidi ya nusu yake; kwa watumishi wa umma walio chini ya mfuko wao, PSSSF, mtumishi huchangia asilimia 5 na mwajiri asilimia 15. Ile sehemu iliyokatwa kwa mfanyakazi haikuwahi kuwa mali ya mwajiri hata kwa siku moja, bali ilipita mikononi mwake tu kama mzigo unavyopita begani kwa hamali. Nalitanguliza hili ili msomaji asidhani kwamba hoja yangu ni ya kuwakinga wakwepaji.

Hoja yangu ni kwamba mfuko unapotaka kukusanya michango ambayo haikuwasilishwa, uwe unakwenda mahakamani au unataka kuzuia fedha benki, unapaswa kwanza kumpa mwajiri taarifa ya mapema, iliyo kamili na inayoeleweka, na kumsikiliza kabla kiasi cha deni hakijawa cha mwisho. Ninashikilia msimamo huu kwa ajili ya mfanyakazi kuliko kwa ajili ya mwajiri, na nilijifunza sababu yake kwa njia ngumu.

Miaka kadhaa iliyopita nilikuwa msaidizi wa mhasibu katika kampuni ndogo ya ulinzi. Siku moja ya mishahara nilikwenda benki na orodha ya malipo ya walinzi, nikaambiwa na karani wa dirishani kwamba akaunti imezuiwa kwa amri ya mahakama. Meneja wa tawi alinionyesha nakala ya amri hiyo. Mfuko mmoja wa hifadhi ya jamii ulikuwa umeshinda shauri la kudai michango, hukumu ilikwisha kutolewa, na sisi hatukuwa tumefika mahakamani hata mara moja. Baadaye tuligundua kwamba barua ya madai na hati ya wito vilipelekwa kwenye jengo ambalo kampuni ilikuwa imelihama miaka miwili nyuma, ingawa afisa matekelezo wa mfuko huohuo alikuwa ametukagua katika ofisi mpya, akanywa chai yetu na kupiga mhuri kitabu cha wageni.

Walinzi hawakupata mshahara mwezi ule. Wengine walikopa kwa wenye duka, na mmoja alirudishiwa mtoto nyumbani kwa sababu ya ada. Tulipokaa na faili la madai, tukakuta kwamba deni lililodaiwa lilikuwa mchanganyiko wa mambo matatu yasiyofanana. Kulikuwa na miezi iliyolipwa kabisa na stakabadhi zake zipo, ila malipo yaliingizwa kwenye namba ya mwanachama isiyo sahihi. Kulikuwa na majina ya watu walioacha kazi zamani ambao bado walihesabiwa kila mwezi. Na kulikuwa na miezi tisa ambayo mwenye kampuni alikata michango ya walinzi wake na hakuipeleka popote. Madai ya miezi hiyo tisa yalikuwa ya kweli tupu, na aibu yake haikuwa na pa kufichika.

Mwenye kampuni aliajiri wakili, na wakili hakugusa kabisa suala la miezi tisa. Hakuwa na haja. Alieleza kwamba mteja wake hakupewa taarifa wala nafasi ya kusikilizwa, mahakama ikakubali, hukumu ikatenguliwa, shauri likaanza upya. Ilichukua zaidi ya mwaka mmoja mpaka pande mbili zikafika mahali ambapo zingefika kwa wiki tatu kama barua moja ingepelekwa kwenye anwani sahihi ikiwa na jedwali la majina na miezi. Aliyenufaika na notisi mbovu alikuwa mwajiri aliyekosa. Walioumia ni walinzi, mara mbili.

Msingi wa kisheria wa jambo hili hauna utata. Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba ya Jamhuri ya Muungano wa Tanzania inasema kwamba haki na wajibu wa mtu vinapohitaji kufanyiwa uamuzi na mahakama au chombo kingine kinachohusika, mtu huyo atakuwa na haki ya kupewa fursa ya kusikilizwa kwa ukamilifu. Mahakama ya Rufani imeisimamia haki hiyo kwa uthabiti, na imekwisha kueleza kwamba uamuzi uliofikiwa bila kumsikiliza mhusika ni batili hata kama uamuzi uleule ungefikiwa baada ya kumsikiliza. Wanaokusanya michango wanapaswa kuusoma msimamo huo kwa makini, kwa sababu maana yake ni kwamba ukweli wa deni hauwezi kuuokoa mchakato mbovu.

Ugumu unaongezeka kwa sababu sheria imeupa mfuko njia ya mkato. NSSF inaweza kufungua madai ya michango kwa utaratibu wa shauri la muhtasari, chini ya Amri ya XXXV ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai. Katika utaratibu huo mdaiwa hana ruhusa ya kujitetea mpaka kwanza aombe idhini ya mahakama, na asipoiomba kwa wakati, madai yanahesabiwa kuwa ameyakubali. Siipingi njia hiyo. Michango ni fedha inayotakiwa kuwasilishwa ndani ya mwezi mmoja baada ya mwezi husika kwisha, na kuiburuza katika shauri la kawaida la miaka mitano kungekuwa kumdhulumu mstaafu. Lakini kadiri mlango wa mahakama unavyokuwa mwembamba kwa mdaiwa, ndivyo hatua ya kabla ya mahakama inavyopaswa kuwa pana zaidi. Ikiwa huko mbele mtu hatasikilizwa mpaka aombe ruhusa, basi huku nyuma asikilizwe vizuri.

Serikali yenyewe inaijua thamani ya notisi inapokuwa upande wa kudaiwa. Chini ya Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali, anayetaka kuishtaki Serikali lazima atoe notisi ya siku zisizopungua 90, akieleza msingi wa madai yake, na mabadiliko ya mwaka 2020 yakapanua kinga hiyo hadi kwa serikali za mitaa, wakala na mashirika ya umma. Kwa hiyo mwajiri anayeamini kwamba taasisi ya umma imemkosea atasubiri miezi mitatu kabla ya kufungua shauri. Sababu inayotolewa ni ya busara, kwamba taasisi ipate muda wa kupekua majalada yake, kuona kama madai yana ukweli, na kumaliza nje ya mahakama ikiwezekana. Naikubali sababu hiyo neno kwa neno. Ninachouliza ni kwa nini kampuni yenye mhasibu mmoja na kabati moja la mafaili ionekane haihitaji hata robo ya muda huo kupekua makaratasi yake.

Nchi iliyolifikiria suala hili kwa muda mrefu ni India, ambako mfuko wa akiba wa wafanyakazi uliendeshwa kwa miongo mingi chini ya sheria ya mwaka 1952. Kifungu cha 7A cha sheria hiyo kilimpa kamishna wa mfuko mamlaka makubwa ya kuamua kama mwajiri anahusika na sheria na anadaiwa kiasi gani. Aliweza kuita mashahidi, kuwaapisha na kuagiza vitabu vya hesabu viletwe. Lakini kifungu hichohicho kilimkataza kutoa amri kabla ya kumpa mwajiri fursa ya kutosha ya kueleza upande wake. Kiasi kikishaamuliwa, riba ya asilimia 12 kwa mwaka chini ya kifungu cha 7Q ilihesabiwa tangu siku kilipopaswa kulipwa, na kama kulikuwa na fidia ya adhabu chini ya 14B, nayo ilihitaji fursa nyingine ya kusikilizwa, kwa kuwa kuchelewa kuna sababu nyingi na si zote ni za wizi. Kisha, mwishoni kabisa, zilikuja nyenzo za nguvu: kukamata mali, na chini ya kifungu cha 8F kuitaka benki au mtu anayedaiwa na mwajiri alipe moja kwa moja kwenye mfuko, huku nakala ya agizo hilo ikipelekwa kwa mwajiri.

Kwa nini kusikilizwa kunahitajika, ikiwa hesabu ni hesabu? Kwa sababu mara nyingi mgogoro hauko kwenye hesabu. Mwaka 2019 Mahakama ya Juu ya India iliamua kwamba posho zinazolipwa kwa wafanyakazi wote kwa pamoja ni sehemu ya ujira unaokatwa mchango, baada ya waajiri wengi kuugawanya mshahara katika posho chungu nzima ili mchango uwe mdogo. Ni uamuzi mzuri kwa wafanyakazi. Lakini hebu tufikirie ingekuwaje kama swali hilo zito lingeamuliwa na ofisa mmoja kwa kuandika tarakimu kwenye fomu na kuituma benki.

Kuna hukumu nyingine ya mahakama hiyohiyo, iliyoripotiwa mwaka 1990, ambayo naiona yenye mafunzo zaidi kwetu. Shirika la Chakula la India lilikuwa likitumia wafanyakazi wa makandarasi katika maghala yake ya Rajasthan, likadaiwa michango yao. Shirika lilisema kumbukumbu ziko kwa makandarasi, likaomba waitwe. Kamishna hakuwaita, akaamua kiasi cha deni. Mahakama ilisema kwamba swali halikuwa kama mwajiri ameshindwa kuleta ushahidi, bali kama kamishna, aliyepewa na sheria mamlaka ya kukusanya ushahidi, ameyatumia kabla ya kuamua kiasi, na kwamba wanaostahili fedha hiyo lazima watambuliwe. Kusikiliza, kwa tafsiri hiyo, ni kazi ya kutafuta wenye fedha. Deni la jumla lisilo na majina linaweza kulipwa lote, likaingia kwenye mfuko, na bado mpagazi wa ghala asione senti kwa sababu hakuna aliyeandika kwamba ni lake.

Simaanishi kwamba India wamemaliza kila kitu. Chini ya sheria hiyo, mwajiri aliyekata rufaa dhidi ya amri ya 7A alitakiwa kwanza kuweka asilimia 75 ya kiasi kilichoamuliwa, isipokuwa baraza la rufaa limpunguzie kwa sababu maalumu, na kwa mwajiri mdogo aliyekosewa hesabu hilo lilikuwa jiwe la kusagia shingoni. Lakini mpangilio wa hatua zake ni sahihi: taarifa, kusikilizwa, kiasi, adhabu, kisha nguvu.

Kwa jirani zetu wa Kenya, jambo hili limepandishwa hadi kwenye Katiba ya mwaka 2010, ambayo ibara yake ya 47 inampa kila mtu haki ya kutendewa kwa haki na vyombo vya utawala. Sheria ya mwaka 2015 iliyoitekeleza ibara hiyo inataka anayekaribia kuathirika apewe notisi ya awali na ya kutosha yenye aina na sababu za hatua inayokusudiwa, nafasi ya kujieleza, na pia taarifa, nyaraka na ushahidi utakaotegemewa katika uamuzi. Hicho cha mwisho ndicho kinachokosekana mara nyingi katika barua za madai nilizopata kuzisoma. Barua inasema unadaiwa kiasi fulani, ulipe ndani ya siku saba, usipolipa hatua kali zitachukuliwa. Haisemi kiasi hicho kimetokana na ukaguzi upi, wa miezi ipi, wa watu gani. Mtu hawezi kuijibu barua kama hiyo. Atalipa kwa hofu au atanyamaza kwa ukaidi, na vyote viwili havimsaidii mfuko.

Notisi ya haki si lazima iwe ndefu. Iwe na orodha ya wafanyakazi kwa majina na namba zao za uanachama, mwezi kwa mwezi, ikionyesha kilichotakiwa, kilichopokelewa na kilichobaki. Itenganishe mchango na adhabu ya kuchelewa, ili mwajiri aweze kulipa asichokibishia huku akipinga kingine. Iseme ajibu kwa nani na kwa tarehe gani, na ikiwezekana itaje siku ya kukaa mezani na vitabu. Ipelekwe mahali ambapo mkaguzi alimkuta mwajiri, na kwa simu na barua pepe ambazo mwajiri anazitumia kila mwezi kuombea namba ya malipo, maana haiingii akilini kwamba mfumo unaomfahamu mtu siku ya kulipa usimfahamu siku ya kumdai.

Kuhusu muda, ningetofautisha. Kwa ile nusu iliyokwisha kukatwa kwenye mshahara, na inayoonekana kwenye hati za mshahara za mwajiri mwenyewe, hakuna la kujadili isipokuwa usahihi wa tarakimu. Siku 14 zinatosha, na baada ya hapo mfuko uende kwa nguvu zake zote, ikiwemo kuomba mashtaka ya jinai. Kwa madai yanayohitaji tafsiri, kwa mfano kama vibarua wa msimu ni waajiriwa, au kama wafanyakazi wa kandarasi ni wa nani, muda uwe mrefu zaidi na uamuzi uandikwe pamoja na sababu zake. Kuyaweka madai ya aina hizo mbili katika barua moja na siku moja ya mwisho ndiko kunakompa mkwepaji nafasi ya kujificha nyuma ya lile lenye utata.

Najua jibu la maofisa matekelezo, na si jibu la kupuuzwa. Wanasema wapo waajiri ambao ukiwapa notisi Jumatatu, Ijumaa akaunti ni tupu, magari yamebadilishwa majina na kampuni mpya imesajiliwa mtaa wa pili kwa jina la shemeji. Wapo kweli. Kwa hao, sheria inaruhusu mfuko kuiomba mahakama izuie mali kwa muda kabla ya kusikiliza shauri, ukionyesha sababu za kuamini kwamba mali inahamishwa, na mwajiri akasikilizwa haraka baada ya hapo. Hiyo ni njia ya kipekee kwa watu wa kipekee, nayo inahitaji ushahidi dhidi ya mtu fulani. Haiwezi kuwa kisingizio cha kumtendea kila mwajiri kama mtoro. Na tusisahau kwamba miongoni mwa wanaodaiwa na mifuko imo Serikali yenyewe: mwaka 2021 ilitoa hatifungani maalumu, yaani hati ya kuahidi kulipa baadaye, ya shilingi trilioni 2.17 kwa PSSSF kulipa sehemu ya deni linalotokana na wastaafu waliotumikia kabla ya mwaka 1999. Deni hilo lilihakikiwa, likajadiliwa na kupangiwa utaratibu kwa miaka, bila dalali wa mahakama kusimama mlangoni kwa Hazina.

Limebaki jambo ambalo sheria hizi zote, hata ya India, zinalitazama kwa jicho la pembeni. Notisi huandikwa kutoka kwa mfuko kwenda kwa mwajiri, na mwenye fedha hayumo. Mfanyakazi hajui kwamba michango yake inadaiwa, hajui kwamba mwajiri amebisha, hajui kwamba majina yamepungua kwenye orodha wakati wa kusuluhisha. Ningependa kanuni iseme wazi kwamba kila mwanachama aliyetajwa kwenye notisi ya madai apelekewe ujumbe kwenye simu yake, ukimwambia miezi anayodaiwa mwajiri wake na kumtaka alete alichonacho. Gharama ya ujumbe huo ni ndogo kuliko ya safari moja ya mkaguzi. Wapo watakaohofia kwamba mfanyakazi atagombana na mwajiri wake. Hofu hiyo ina ukweli, na ndiyo maana ujumbe utoke kwa mfuko, usisubiri mfanyakazi ajitokeze kulalamika.

Miongoni mwa walinzi wa kampuni ile alikuwapo mzee mmoja aliyekuwa akilinda ghala la saruji usiku. Ili mwanachama apate pensheni ya kila mwezi anahitaji kuwa amechangia kwa miezi isiyopungua 180. Mzee yule alikuwa na 171. Miezi tisa iliyopungua ilikuwa ileile tisa ambayo mwenye kampuni aliikata na kuikalia, na alipotimiza miaka 60 faili lilikuwa bado mahakamani likibishaniwa kwa sababu ya anwani. Shauri lilipoanza upya na mfuko ukataka uthibitisho wa miezi hiyo, kwetu ofisini tulikuta kumbukumbu za miezi minne tu. Nilimfuata mzee nyumbani kwake kumuuliza kama alibakiza karatasi yoyote. Aliingia ndani, akatoka na kopo la maziwa ya unga lenye mfuniko wa bati, akanimwagia mkekani hati za mshahara zilizokunjwa vizuri na kufungwa kwa uzi mwaka kwa mwaka, zikiwemo zote tisa. Nikamuuliza kwa nini hakuzipeleka tangu mwanzo. Akanijibu, "Mwanangu, nani aliniambia kwamba zinatafutwa?"